Siku Moja Upareni na Haki ya Mwongozaji

Wasomaji wa safu hii wamezoea kutukuta tukizungumza juu ya karafuu, bandari na bei ya samaki. Leo tunawaomba radhi tuwachukue mbali na pwani, mpaka wilaya ya Same katika mkoa wa Kilimanjaro, ambako hivi karibuni tulitembea kwa miguu siku nzima katika Milima ya Upare ya Kusini tukiongozwa na mwenyeji wa huko. Tulikuwa watu watano, wote wa visiwani, tuliokwenda Moshi kwa shughuli za kikazi tukabakiwa na siku mbili kabla ya kurudi. Wenzetu wengine walichagua kwenda kupiga picha kwenye lango la Mlima Kilimanjaro. Sisi tukaona kwamba Kilimanjaro inazo sifa za kutosha, tukateremka Same.

Anayepita Same kwa basi kutoka Dar es Salaam kwenda Arusha huuona mji huu kwa dakika kumi tu: vumbi, upepo, wauza maji ya chupa madirishani, na mlima mkavu wa rangi ya kijivu nyuma ya nyumba. Njiani amekwisha kupita mashamba ya mkonge ya Makanya, na reli iliyojengwa na Wajerumani kutoka Tanga ikafika Moshi kabla ya Vita Kuu ya Kwanza. Hudhani kwamba Upare wote ni ukame. Wala si ajabu, maana Same umekaa upande ule wa mlima ambao mvua haifiki ila kwa nadra.

Lakini mji huu mkavu una historia ambayo kila mwanachama wa Chama, na kila mtumishi wa serikali, angefaa kuijua. Mwaka 1945 maelfu ya Wapare walishuka kutoka milimani wakakusanyika hapa Same kuipinga kodi iliyoitwa mbiru, ambayo watawala wa Kiingereza waliitoza kwa kumkadiria kila mtu mali yake. Hawakushika silaha. Walikaa tu, siku baada ya siku, wakitaka kusikilizwa. Na mwaka uliofuata wanawake wa Usangi nao wakaingia katika mapambano hayo. Hatimaye kodi ile ikafutwa. Profesa Isaria Kimambo, ambaye ameandika sana historia ya watu hawa, aliliandikia tukio hilo kitabu kizima. Tulipouliza hapo mjini ni wapi hasa watu wale walikaa, vijana wawili tuliowauliza hawakuwa wamepata hata kulisikia jina la mbiru. Tuliliweka jambo hilo moyoni, na tutalirudia.

Alfajiri, baada ya sala, tulikodi gari likatuzungusha upande wa mashariki wa mlima. Upande wa kushoto ilienea nyika ya Mkomazi, iliyokuwa pori la akiba tangu 1951 na kufanywa hifadhi ya taifa mwaka 2008. Upande wa kulia mlima ulisimama kama ukuta. Tukafika mahali panapoitwa Kisiwani. Wote watano tulitabasamu. Kisiwani, na bahari haipo hata ya kunawia! Mmoja wetu, mtu wa Pemba, alimwambia dereva asimamishe gari ili ateremke, kwani amekwisha fika kwao. Dereva alicheka, kisha akasema neno ambalo hatukulitia maanani wakati ule: kwamba tungoje tufike juu, tutaona kisiwa chenyewe.

Kutoka hapo njia hupanda kwa mikunjo mpaka Mbaga. Baridi ilianza kutuingia, na rangi ya nchi ikabadilika mbele ya macho yetu: migomba, mibuni, mahindi kwenye matuta, na maji yakitiririka kando ya njia katika mifereji iliyochimbwa kwa mkono. Mwongozaji wetu alitungoja barabarani. Ni mtu wa makamo, mwembamba, amevaa koti kuukuu na buti za mpira, na mkononi ana mundu. Tulimwamkia, akatupokea kwa heshima akatuita ndugu zake wa visiwani. Sisi tukamwita Mzee, ingawa pengine hakutuzidi kwa miaka mingi. Pamoja naye alikuwako kijana mmoja aliyebeba dumu la maji. Jambo la kwanza alilolifanya Mzee ni kuvitazama viatu vyetu. Alivitazama kwa muda mrefu. Mwenzetu aliyevaa viatu vya ngozi vya kuendea mkutanoni alishauriwa kwa upole akate fimbo mbili badala ya moja.

Tulidhani kwamba mwongozaji ni mtu wa kutuonyesha njia ili tusipotee. Saa mbili zilitosha kutuonyesha kosa letu. Njia twaweza kuiona wenyewe, nyayo zipo. Ambayo hatukuweza kuyaona ni yale yaliyomo njiani. Tulipita penye bwawa dogo la udongo, tukalichukulia kuwa ni dimbwi la kunyweshea ng'ombe. Mzee akasimama. Akatueleza kwamba hiyo ni ndiva, na kwamba Wapare wamekuwa wakijenga ndiva tangu kabla ya mkoloni. Maji ya kijito huingizwa humo usiku, wakati hakuna anayemwagilia. Asubuhi mlango hufunguliwa, na maji yakashuka kwa nguvu katika mifereji hata shamba la mwisho likapata. Zamu hupangwa, na wapo wazee wanaozisimamia. Siku ya kusafisha ndiva watu huitwa kwa msaragambo, na asiyetokea bila udhuru hutozwa faini. Kwa maneno mengine, haya tunayoyaita kujitegemea na kazi za pamoja, na ambayo sisi makada tumeyahubiri majukwaani kwa miaka mingi, hawa wameyafanya kwa jembe na tope bila ya kungoja risala ya mtu.

Tuliendelea kupanda, tukazungumzia maji yenyewe yanatoka wapi. Mzee alinyoosha mundu kuelekea juu, ambako wingu jeupe lilikuwa limelala juu ya msitu. Ule ni msitu wa Chome, hifadhi ya mazingira asilia yenye zaidi ya hekta 14,000, na ndani yake kilele cha Shengena, chenye urefu wa mita 2,462, ambacho ndicho kikubwa kuliko vyote katika Upare. Kwenda na kurudi kutoka Mbaga kwahitaji zaidi ya siku moja, nasi tulikuwa na siku moja tu. Basi tuliridhika kukitazama kwa mbali, na hata hivyo hatukukiona, kwa sababu wingu halikuondoka.

Na hilo wingu ndilo jambo tunalotaka wasomaji wa visiwani walielewe. Milima ya Upare ni sehemu ya safu inayoitwa Tao la Mashariki, inayoanzia vilima vya Taita nchini Kenya na kuteremka kupitia Usambara, Uluguru na kwingineko mpaka Udzungwa na Mahenge. Wataalamu wanaeleza kwamba misitu yake imedumu kwa mamilioni ya miaka, kwa kuwa upepo wa Bahari ya Hindi umeendelea kuiletea unyevu hata katika zama ambazo sehemu nyingi za Afrika zilikauka. Upepo huo ndio huo huo uliojaza matanga ya babu zetu. Hupita kwetu, hupanda mlimani, hupoa, hugeuka wingu, na wingu likawa maji ya ndiva. Tuliosoma chuoni tulifafanuliwa na maalim zetu tangu utotoni kwamba milima ni vigingi vya ardhi. Hatukupata kufikiri kwamba kigingi kimoja kimefungwa kamba inayotoka baharini kwetu.

Hapo tukakumbuka maneno ya dereva. Milima hii ni visiwa kwa maana iliyo sawa kabisa: kila mmoja umezungukwa na nyika kavu kama kisiwa kilivyozungukwa na maji, na viumbe vilivyomo havina njia ya kwenda kwa jirani. Katika msitu wa Shengena yumo ndege mdogo wa rangi ya kijani, mwenye duara jeupe kulizunguka jicho, ambaye wataalamu wa ndege hawamhesabu penginepo duniani isipokuwa Upare ya Kusini. Mwenzetu wa Pemba akaruka: kwao pia yuko ndege wa jamii hiyo hiyo, mwenye duara jeupe hilo hilo, naye hapatikani popote ila Pemba! Wakaanza kushindana, yeye na Mzee, ndege wa nani ni mzuri zaidi, na ushindani huo ulitupandisha mteremko mkali pasipo kuuhisi.

Tuseme pia kwamba kisiwa cha msitu hupungua kama kisiwa cha mchanga. Miaka mingi watu wamekata humo miti ya mkulo, ile yenye mbao za harufu nzuri zisizoliwa na mchwa, na moto nao umekula sehemu za juu. Serikali imepiga marufuku na walinzi wapo. Lakini msitu wa ukubwa ule haulindwi na walinzi wachache. Hulindwa na watu wanaoujua na ambao kusimama kwake kunawapa riziki.

Baada ya chakula cha mchana, nacho kilikuwa makande, kama inavyopasa katika nchi ya Wapare, tulipelekwa kwenye mapango ya Mghimbi. Njia inapita baina ya mawe makubwa, na aliyevaa viatu vya mkutanoni aliteleza hapo akaketi bila ya kukusudia. Mzee aliwasha tochi tukaingia kwa kuinama. Ndani ni giza na ubaridi. Akatueleza, kwa sauti ile ile aliyoieleza habari ya ndiva, kwamba katika miaka ya 1860 wazee wao walijificha humu pamoja na watoto na mbuzi, wakati wateka watumwa walipopita chini bondeni. Njia ya misafara kutoka Pangani kuelekea Kilimanjaro ilipita kwenye vitako vya milima hii. Waliokamatwa walipelekwa pwani. Na kutoka pwani walipelekwa wapi, hakutaja.

Hakuwa na haja ya kutaja. Sisi watano tulikuwa tumezaliwa huko walikopelekwa. Soko la watumwa la Unguja lilifungwa mwaka 1873, na Mapinduzi ya 1964 yalikuja kuondoa mabaki ya utawala ule uliostawi kwa soko hilo. Haya tumeyasoma skuli, tumeyafundisha semina, tumeyajibia mitihani. Lakini tulikuwa tumeyasoma kutoka upande wa kupokea. Pangoni mle tulisimama kwa mara ya kwanza upande wa kuondokewa. Mmoja wetu alisoma Fatiha kimya kimya. Mzee, ambaye ni Mlutheri, alivua kofia yake akangoja mpaka tulipomaliza, na hatukulizungumza jambo hilo tena mpaka jioni.

Kisha tulionyeshwa jiwe la Malameni, ambako huelezwa kwamba zamani watoto walitolewa kafara ili kutuliza pepo, mpaka miaka ya 1930. Hapa tuna neno la kusema. Wageni wengi, tuliambiwa, hukimbilia jiwe hili, hulipiga picha, wakaondoka wakiwa wametosheka kwamba wameiona Afrika. Ndiva hawaioni. Mzee mwenyewe hakulitukuza wala hakulificha. Alisema watu walikuwa na hofu, na hofu humfanyisha mtu mengi. Maneno hayo yalitutosha. Lakini tulisikia pia kwamba ipo kampuni ya mjini ambayo huleta wageni na mwongozaji wake yenyewe, asiye mwenyeji, na huyo husimulia juu ya jiwe hili mambo ambayo hakuna mzee yeyote wa Mbaga aliyepata kuyasikia. Mgeni hawezi kujua. Analipa, anaamini, anakwenda kuyaeneza kwao.

Ndipo tunapofika kwenye shabaha ya makala haya. Wakati wa kuteremka tulimwuliza Mzee juu ya malipo yake. Alijibu waziwazi. Siku mgeni akija hupata ujira wake, na sehemu nyingine ya ada huenda kwenye mfuko wa kijiji. Mgeni asipokuja hapati kitu, na miezi ya masika inaweza kwisha bila mgeni hata mmoja. Lakini njia hukatwa majani masika na kiangazi. Mti ukianguka juu ya njia, yeye ndiye huenda na mundu. Akisikia sauti ya msumeno mahali pasipostahili, yeye ndiye huteremka kutoa habari. Kazi hiyo yote haimo katika hesabu ya mtu yeyote.

Na yule kijana wa dumu la maji? Alikuwa akijifunza. Tulimwuliza kama ataendelea. Alicheka akatazama chini, kisha akasema kwamba ndugu yake anaendesha bodaboda Same, na kwa siku moja nzuri hupata kiasi ambacho yeye hangoji kukipata hapa kwa wiki. Hatukuwa na la kumjibu. Nani angemlaumu?

Utalii wa kiutamaduni ulianzishwa nchini katikati ya miaka ya 1990 kwa nia njema kabisa, ili mgeni asiishie mbugani na hotelini bali afike kijijini, na fedha yake ibaki kijijini. Mbaga ni miongoni mwa vijiji vilivyoupokea mapema. Nia ile bado ni njema. Ila tunadhani kwamba katika kupanga njia, ada na vipeperushi, mwenyewe mwenye elimu alisahauliwa, akachukuliwa kama chombo cha usafiri. Mmisionari wa Kijerumani, Jakob Dannholz, aliyeishi Mbaga mwanzoni mwa karne ya 20, aliyaandika aliyoyasikia kwa Wapare, na kwa hiyo maandishi yake yanasomwa hadi leo. Waliomsimulia hawajulikani kwa majina. Je, tutayarudia hayo kwa mikono yetu wenyewe, na sisi ni watu huru?

Kwa heshima zote, basi, tunawaomba viongozi wanaohusika, wa huko Bara na wa kwetu Visiwani pia, waliangalie jambo hili. Mwongozaji mwenyeji aandikishwe wilayani, apewe kitambulisho, na pasiwe na kampuni yoyote itakayoingiza wageni katika njia za kijiji bila yeye. Kazi yake ya kutunza njia na kutoa habari za msitu ilipwe hata katika mwezi usio na mgeni, kwa kuwa maji ya ndiva hayana likizo. Kijana anayejifunza alipwe kama mwanafunzi wa ufundi mwingine wowote. Hesabu ya ada ibandikwe kwenye ubao wa kijiji, isomeke na kila mtu, maana fedha isiyosomeka huzaa maneno. Na walimu wa shule za wilaya wawapandishe watoto milimani pamoja na wazee hawa, wakaandike. Pengine baada ya miaka michache kijana wa Same akiulizwa juu ya mbiru hatatutazama kama tunamwuliza habari za mwezini.

Wenzetu wa visiwani wasidhani kwamba haya ni ya Wapare peke yao. Tunayo Jozani, iliyofanywa hifadhi ya taifa mwaka 2004 pamoja na Ghuba ya Chwaka, ambako vijiji vya jirani hupata sehemu ya mapato, na huo ni mfano ambao hatuna haja ya kuuonea haya. Tunao msitu wa Ngezi na kisiwa cha Misali kule Pemba. Lakini idadi ya watu wa kwetu waliowahi kuvitembelea, ukiwaondoa watoto wa skuli na wageni wa serikali, tunaona haya kuikisia.

Jua lilikuwa linazama upande wa pili wa mlima tulipofika tena barabarani. Nyika ya Mkomazi chini yetu iligeuka rangi ya zambarau, na ukungu ulioanza kutanda bondeni uliifanya ifanane kabisa na bahari. Tulimlipa Mzee tukapewa stakabadhi, tukampa na ujira wa kijana mkononi mwake mwenyewe. Tulipokuwa tunaagana, Mzee alituuliza kwa adabu kama akipata nauli siku moja akaja kwetu, ni nani katika kijiji chetu anayezijua njia za zamani, visima, makaburi na mashamba ya wakati ule wa watumwa, ambaye angeweza kumtembeza siku moja kama alivyotutembeza yeye. Mwandishi wa makala haya alifikiri jina moja. Kisha tukakumbuka kwamba mzee huyo tulimzika mwaka juzi, na hatukuweza kukumbuka kama kuna kijana aliyekuwa akifuatana naye.